Siku Mkasi wa Taifa Ulipopotea

Palikuwa na nchi. Msiniulize iko wapi, maana mtu wa mwisho kuulizwa alijibu, na sasa yeye mwenyewe hatujui yuko wapi. Itoshe kusema kwamba iliitwa Jamhuri ya Tushukuru, na wananchi wake walikuwa wakishukuru asubuhi, mchana, na tena baada ya taarifa ya habari.

Nchi hiyo ilikuwa na sheria nyingi nzuri, lakini nzuri kuliko zote ilikuwa Sheria ya Uzinduzi. Ilisema kwamba kitu chochote kipya hakitatumiwa, hakitaguswa wala hakitakanyagwa mpaka mgeni rasmi afike, ahutubie na akate utepe. Kabla ya hapo kitu hakijawa kitu. Daraja la Mto Kengewa lilikuwa limekamilika tangu miaka mitatu nyuma, limenyooka, limepakwa rangi, na wananchi walivuka mto chini yake maji yakiwafika kifuani, huku wakilitazama kwa fahari. Choo cha shule ya Kitongani kilizinduliwa mara mbili kwa sababu mara ya kwanza mpiga picha alichelewa. Kati ya uzinduzi wa kwanza na wa pili wanafunzi waliombwa wavumilie. Na kwenye wodi mpya ya wazazi mwanamke mmoja alijifungua getini akimsubiri mgeni rasmi. Mtoto akaandikiwa barua ya onyo kwa kuja kabla ya itifaki.

Utepe hukatwa kwa mkasi, na kwa kazi hiyo mkasi ulikuwa mmoja tu nchi nzima. Uliitwa Mkasi wa Taifa. Ulilala ndani ya kisanduku cha mvule, juu ya mto mdogo wa mahameli mekundu, na mtu wa kuutunza aliitwa Ngwali Mbaraka. Cheo chake kwa ukamilifu kilikuwa Mtunza Mkasi Mwandamizi Daraja la Pili, lakini mtaani walimwita Bwana Mkasi, naye hakuchukia. Alikuwa mtu mwembamba, mpole, mwenye shati moja jeupe la kazini na jingine la kulipumzisha lile la kwanza. Alifundishwa miezi tisa namna ya kupiga goti la kushoto, kutanguliza vishikio, na kugeuza uso pembeni ili mgeni rasmi asione kwamba pale kuna mtu mwingine. Miaka kumi na saba alikuwa ameubeba mkasi ule, na hakuwahi kukata nao chochote, hata uzi wa kifungo. Ungemwuliza kama hilo halimsumbui, angekujibu kwamba kazi ya mbebaji ni kubeba.

Alikaa na mama yake, Bi Time, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya Wizara ya Uzinduzi. Bi Time alikuwa msukaji mikeka. Vidole vyake vilianza kusuka ukili, ile mikanda ya mkindu inayoshonwa kuwa mkeka, tangu ana miaka sita. Sasa alikuwa na sabini na tatu na vidole vilisuka vyenyewe, yeye akizungumza mambo mengine. Kila mchana alipika, akapakua sahani tatu. Moja yake, moja ya Ngwali, na ya tatu aliifunika kawa na kuiweka dirishani. Hiyo ilikuwa ya Hija.

Hija alikuwa mdogo wake Ngwali, mvuna chumvi. Miaka kumi na miwili nyuma wavuna chumvi wa Majuvini waliandamana kuomba mabuti. Hawakuomba kingine. Maji ya chumvi yalikuwa yakiwala miguu mpaka nyama inaonekana, nao wakafikiri kwamba mabuti ya mpira si jambo kubwa kwa serikali inayowapenda watu wake kiasi kile. Walikwenda watu mia mbili. Siku ileile serikali ilitangaza kwamba utulivu umerejea, na kwamba watu arobaini na mmoja kati yao wameamua kusafiri. Wapi, haikusemwa, safari ni siri ya msafiri. Mwaka ule ukaitwa Mwaka wa Utulivu, ukatengenezewa na stempu.

Msafiri hafanyiwi matanga. Waraka ulilieleza hilo waziwazi: kumlilia mtu aliye safarini ni kumtakia mabaya, na kumtakia raia mabaya ni kosa la jinai. Badala yake kila mwaka, tarehe ileile, karani wa Wizara alipita nyumba kwa nyumba akigawa kadi za salamu kutoka kwa wasafiri, zote arobaini na moja kwa mwandiko mmoja mzuri: "Hatujambo huku. Tunashukuru. Tusalimieni wote." Hija, ambaye alipoondoka hakujua kuandika zaidi ya jina lake, alikuwa ameendelea sana huko safarini.

Bi Time alizitia kadi zake kumi na mbili ndani ya kopo la maziwa. "Mtu akiwa hai huja," alikuwa akisema. "Akiwa amekufa, watu huambiwa. Huyu wangu hajaja na mimi sijaambiwa. Nikiacha kumpakulia, halafu akatokea pale mlangoni, nitamwambia nini?"

Ngwali alikula macho yakiwa kwenye sahani yake.

*

Ndipo alipoingia katika habari hizi Bi Mize Nguzo. Alikuwa mwanamke mfupi mwenye sauti ya kuita watu wa ng'ambo ya mto, na zamani alikuwa muuguzi wa zahanati ya Majuvini. Siku wavuna chumvi walipoandamana, zamu ilikuwa yake. Tangu siku hiyo alizunguka nchi nzima akidai mambo matatu: walioumizwa watibiwe, walioumiza waulizwe, na wanyonge wafundishwe kusimama kwa miguu yao. Serikali ilimsikiliza kwa makini, ikamzuia kukanyaga nyumba za wasafiri, ikamfunga mara mbili, kisha mahakama ikampumzisha ulimi. Ndivyo hukumu ilivyoandikwa. Alikatazwa kutamka kwa mdomo neno lolote kuhusu wasafiri mpaka mwisho wa maisha yake. Kuhusu mkono mahakama haikusema kitu, kwa kuwa jaji alikuwa na haraka ya kwenda kuzindua kisima.

Bi Mize akarudi nyumbani, akakaa mezani miaka minne, akaandika vitabu vitatu. *Kidonda Kioshwe* kilikuwa cha uponyaji. *Nani Atajibu* kilikuwa cha haki. *Shika Kalamu Mwenyewe* kilikuwa cha uwezeshaji, na nyuma yake kulikuwa na kurasa za mistari mitupu kwa wanaojifunza kuandika. Akavipeleka Kiwanda cha Chapa cha Serikali, maana kingine hakuna. Kiwanda kikachapa nakala mia tano za kila kimoja, kikafunga kila vitatu pamoja kwa utepe wa kijani, kikauhifadhi mswada wake mahali salama ambapo hata mwenyewe hataupata, kisha kikaiandikia Wizara kuomba mgeni rasmi.

Mtauliza: hakuna ofisa hata mmoja aliyevisoma kwanza? Angevisoma vipi, na vitabu havijazinduliwa? Maofisa wa Tushukuru wana kasoro zao, lakini sheria wanaiheshimu.

Waziri wa Uzinduzi, Mheshimiwa Bwanakheri Mapute, aliisoma barua ya Kiwanda akiwa amesimama, kisha akakaa kwa furaha.

"Uponyaji, haki na uwezeshaji!" alisema. "Bwana Mkasi, unasikia? Haya ni maneno ya semina. Nimeyatamka miaka ishirini mbele ya chai na sambusa, na sijawahi kuona yamemdhuru mtu. Wafadhili wanayapenda hao, wanayapenda! Tutazindua kwa kishindo."

"Ndiyo, Mheshimiwa," alisema Ngwali.

"Na familia za wasafiri zialikwe. Kila mtu apewe vitabu vyake avipakate, na wakati wa picha wavinyanyue juu. Uponyaji lazima uonekane."

Mialiko ikatoka siku hiyohiyo, na wafadhili wakaanza kupanda ndege.

Bi Time alipata mwaliko wake. Alifunga kanga, akatoka, akamtafuta Bi Mize mpaka akampata sokoni akichagua bamia.

"Mwanangu," alimwambia, "humo kitabuni, Hija wangu yumo?"

Bi Mize aliweka bamia chini. Askari wawili waliokuwa wakimfuata kila aendako walisogea kusikiliza.

"Mama," alisema, "mimi nimepumzishwa ulimi. Siruhusiwi kusema. Ila kuhesabu sikukatazwa." Akamshika mkono. "Kitabu cha kwanza. Sitini na mbili."

Askari waliandika "sitini na mbili" katika daftari lao, na kwa wiki nzima wataalamu wa Usalama walikesha wakijaribu kujua ni sitini na mbili ya nini. Bi Time alirudi nyumbani akiitamka nambari ile njia nzima ili isimponyoke.

"Sitini na mbili," alimwambia Ngwali. "Mimi sijui kusoma. Utanisomea wewe."

"Kikishazinduliwa, mama."

"Kikishazinduliwa, ndiyo. Nimengoja miaka kumi na miwili, siku tisa zitanishinda?"

*

Zikiwa zimebaki siku mbili, mpanga chapa mmoja wa Kiwanda aliomba ruhusa ya ugonjwa. Fomu ilimtaka ataje ugonjwa wenyewe, naye akaandika: "Kulia." Kwa kuwa kulia hakumo katika orodha ya magonjwa ya taifa, aliitwa Wizarani.

"Umesoma vitabu kabla ya uzinduzi?" Waziri alimwuliza kwa ukali.

"Hapana, Mheshimiwa. Mimi nilikuwa napanga herufi tu. Sasa zile herufi zilipokwisha kukaa pamoja, zikaanza kusema zenyewe."

"Zinasema nini?"

"Majina, Mheshimiwa. Na saa. Na magari, na nambari za magari. Na nani alitoa amri, na siku ile alikuwa amevaa nini."

Waziri alishika ukosi wa shati lake. Miaka kumi na miwili nyuma yeye ndiye aliyekuwa Mkuu wa Mkoa wa Majuvini, na siku ile alikuwa amevaa suti ya kaki na kofia ya mkindu aliyozawadiwa na wananchi.

Mpanga chapa akapewa ruhusa ya miezi sita. Wakabaki Waziri, Mwanasheria wa Wizara, na Ngwali aliyesimama pembeni na kisanduku chake. Hakuna aliyekumbuka kumwambia atoke, kwani alikuwa amefundishwa vizuri kutoonekana.

"Tuvipige marufuku?" aliuliza Mwanasheria.

"Marufuku!" Waziri aliruka. "Sisi ni madikteta? Na kitabu kikipigwa marufuku husomwa hata na kipofu. Hapana, ndugu yangu. Katika nchi hii vitabu havipigwi marufuku. Vinaahirishwa." Alitembea hadi dirishani na kurudi. "Uzinduzi utakuwepo. Kwaya itakuwepo. Hotuba yangu itakuwepo. Mkasi tu ndio hautakuwepo." Ndipo akageuka. "Bwana Mkasi, kesho kutwa mkasi utapotea."

Ngwali alidhani hakusikia vizuri. "Utapotea vipi, Mheshimiwa?"

"Kizalendo. Nitanyoosha mkono, utafungua kisanduku, hamna kitu. Tutasikitika wote. Kisha tutaagiza mwingine nje ya nchi, na huu wa sasa ulichukua miaka sita kufika. Wewe utapanda Daraja la Kwanza."

"Ndiyo, Mheshimiwa," ulisema mdomo wa Ngwali, ambao ulikuwa umezoea.

Alifika nyumbani akamkuta mama yake anapiga pasi kanga yake nzuri, ile ambayo hakuwahi kuivaa tangu Hija aondoke. Sahani ya tatu ilikuwa dirishani, imefunikwa.

"Ngwali," alisema bila kuinua uso, "wewe ukisoma huwa una haraka. Siku hiyo usome polepole. Sitaki nipitwe na neno."

"Mama..."

"Nini, baba?"

"Hakuna kitu."

Aliona haya, haya ya kweli, iliyompanda mpaka masikioni. Miaka yote aliamini kwamba yeye ni mikono tu, na kwamba yanayokatwa na yasiyokatwa ni shauri la wakubwa. Sasa kwa mara ya kwanza alimwona mtu aliye upande wa pili wa utepe, na mtu huyo alikuwa mama yake. Lakini woga nao ni desturi, na desturi haivunjwi kwa siku moja. Asubuhi ya uzinduzi aliutoa mkasi kisandukuni, akautumbukiza chini kabisa ya kikapu cha ukili cha Bi Time, ambacho Bi Time hakukiacha nyuma popote alipokwenda. Alijua askari wangempekua kila mtu ukumbini, isipokuwa mama wa mtunza mkasi.

*

Ukumbi wa Shukrani ulijaa. Wafadhili walikaa mbele, visikilizio vya tafsiri masikioni. Nyuma yao zilikaa familia za wasafiri, kila mtu amepakata vitabu vitatu vilivyofungwa utepe wa kijani. Bi Mize mwenyewe aliwekwa nyuma kabisa ya nguzo, kwa heshima.

Mshereheshaji alizingatia itifaki kwa saa moja na dakika arobaini. Alimtaja kila mwenye cheo, na msaidizi wake, na waliowahi kuwa na vyeo, na kiti kimoja kitupu kilichomwakilisha Mheshimiwa Rais. Kwaya ya Wizara ikaimba wimbo wake maarufu, *Kata, Baba, Tufunguke*. Kisha Waziri akapanda jukwaani.

"Ndugu wananchi," alisema, "serikali yenu imekuwa ikiponya tangu kabla hamjaugua. Haki ipo ya kutosha, na iliyobaki tumeihifadhi kwa ajili ya vizazi vijavyo. Kuhusu uwezeshaji, nani asiyeona kwamba tumewezesha? Leo nazindua vitabu hivi kwa moyo mkunjufu, na nikishavizindua nitawasihi mvitunze. Visichafuliwe. Msivifungue ovyo mkavunja migongo yake. Kitabu kizuri ni kile kinachobaki kipya!"

Makofi. Waziri akanyoosha mkono.

Ngwali alipiga goti la kushoto, akageuza uso pembeni, akafungua kisanduku. Mto wa mahameli ulikuwa mtupu, una alama ya mkasi iliyochimbika kwa miaka kumi na saba. Waziri aliruka nyuma kwa mshtuko ambao alikuwa ameufanyia mazoezi mara tatu mbele ya kioo.

"Mkasi! Mkasi wa Taifa uko wapi?"

"Umepotea, Mheshimiwa," alisema Ngwali, na sauti yake ilikuwa ndogo kuliko alivyopanga.

Waziri alijifuta macho makavu kwa kitambaa. Akatangaza kwa huzuni kubwa kwamba bila mkasi hakuna kukata, bila kukata hakuna uzinduzi, na bila uzinduzi vitabu havijawa vitabu. Vitarudishwa Kiwandani na kulindwa usiku na mchana mpaka mkasi mwingine ufike. Askari walianza kupita na magunia kuvikusanya.

Safu ya nne mwanamke mzee aliinua mkono. "Mheshimiwa, samahani. Ni kukata ndiko kulikokatazwa?"

"Ndiyo, mama yangu," alisema Waziri kwa upole wa jukwaani. "Hakuna kukata."

"Basi sikati," alisema Bi Time.

Vidole vyake vilikuwa juu ya utepe tangu alipoketi, vikiupapasa vyenyewe kama kawaida yao. Vilikuwa vimekwisha kugundua jambo ambalo nchi nzima, pamoja na maprofesa wake, haikuwahi kuligundua tangu kuasisiwa kwa taifa. Utepe ule ulikuwa na fundo, na tena fundo la kitanzi, la kufungia mizigo ya kuni, lisilowashinda watoto wa miaka sita. Alishika ncha moja akavuta. Utepe ukateleza sakafuni bila sauti.

Mwanasheria alifunua Sheria ya Uzinduzi mbiombio, akipitisha kidole. "Kukata," alinong'ona, "kukata, kukata, kukata... Mheshimiwa, neno kukata limo mara mia moja na nne. Kufungua fundo halimo." Mfadhili mmoja mwenye nywele nyeupe alidhani hiyo ni sehemu ya ratiba, akapiga makofi. Wenzake wakampokea. Waziri aliona wageni wanapiga makofi, naye akapiga pia, maana kwa makofi kiongozi hawezi kuachwa nyuma.

Bi Time alifika jukwaani amebeba kitabu kwa mikono miwili. "Ngwali, mwanangu. Sitini na mbili."

Ngwali alikuwa bado amepiga goti. Waziri aliinama kama anayemsaidia kuinuka. "Bwana Mkasi," alimnong'oneza, "leo macho yanakuuma, sivyo? Huoni vizuri. Sema huoni."

Ngwali alimtazama Waziri usoni. Miaka kumi na saba alikuwa akigeuza uso, na hakujua kwamba mtu yule ana jasho kiasi kile juu ya mdomo. Akasimama, akakipokea kitabu, akafunua. Akasoma polepole kama alivyoombwa.

"Hija mwana wa Time aliletwa zahanati saa tano asubuhi, amebebwa juu ya mlango uliong'olewa. Risasi iliingia ubavu wa kushoto. Miguuni alikuwa bado na bandeji niliyomfunga mimi Jumatatu. Aliniuliza kama mabuti yamekubaliwa. Nikamwambia yamekubaliwa, Mungu anisamehe. Akasema: Dada, mwambie mama asiniwekee chakula, leo sirudi. Alikufa saa sita kasorobo, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wangu. Mchana walikuja wakamchukua yeye na wenzake arobaini. Niliwahesabu."

Sauti yake ilikatika mara mbili, na mara zote mbili alirudia mstari ili mama yake asipitwe na neno.

"Aliniagizia nisimwekee," alisema Bi Time. "Na mimi siku zote hizo nampakulia." Kisha akaketi palepale jukwaani, akatupa kanga yake kichwani, na akalia kilio alichokiweka miaka kumi na miwili. Mficha maradhi kilio humuumbua, na siku ile kiliumbua ukumbi mzima. Mafundo yakavutwa safu hadi safu, tepe zikadondoka, na kila aliyejua kusoma akamtafutia asiyejua ukurasa wa mtu wake.

Waziri alitafuta mlango wa nyuma. Sasa, Tushukuru mtu anaweza kuvunja sheria yoyote na kupewa cheo, lakini kuna desturi moja ambayo hata mwendawazimu haivunji: kilio kikianza upo, huondoki mpaka utoe pole. Atakayeondoka, siku ya msiba wake atachimba kaburi peke yake. Wazee wote walikuwa wamemgeukia. Waziri akarudi. Akashika foleni, akapeana mikono na familia moja moja, mara arobaini na moja. "Poleni kwa msiba. Poleni kwa msiba."

Mwanasheria alikuwa nyuma yake akimvuta koti. "Mheshimiwa, usiseme msiba! Ukisema msiba, basi wamekufa! Serikali imekiri!" Lakini ilikuwa imekwisha kusemwa, tena mbele ya wenye visikilizio vya tafsiri, na mfadhili mwenye nywele nyeupe alikuwa anaandika.

Bi Mize alitoka nyuma ya nguzo, akaketi jukwaani kando ya Bi Time. Hakutamka neno, kama mahakama ilivyoagiza. Alimshika mkono tu.

*

Tume iliundwa kuchunguza kupotea kwa mkasi. Ilimwona Ngwali ana hatia ya kuupoteza kama alivyoamriwa, na hatia kubwa zaidi ya kuonekana. Alifukuzwa kazi. Siku hizi anazunguka Majuvini akiwasomea watu vitabu vya Bi Mize, cha kwanza kwanza, kisha cha pili, na wanasema husoma polepole sana. Watu wa Kengewa walipopata habari za fundo walilifungua la daraja lao kabla ya adhuhuri, wakavuka nguo zikiwa kavu. Wizara ikaagiza tepe mpya zisizo na fundo, za kugandishwa kwa gundi. Wananchi wanasubiri mvua.

Mkasi wa Taifa haujaonekana. Bi Time anautumia kupunguzia ncha za ukili, na anausifu kwamba ni mkali, maana ulikuwa haujafanya kazi.

Kitabu cha tatu alikichukua yeye. Ilimchukua miezi kumi kuijaza mistari yote mitupu ya *Shika Kalamu Mwenyewe*, akiuma ulimi kwa juhudi. Kwa hiyo tarehe ilipofika, na karani wa Wizara akabisha hodi kama kila mwaka, alikuwa tayari.

"Shikamoo, bi mkubwa. Nimekuletea kadi ya Hija."

"Marahaba. Keti ule kwanza." Dirishani hapakuwa na kitu. Alimpakulia karani, akamwacha ale ashibe, kisha akampa karatasi iliyokunjwa na kufungwa utepe wa kijani, fundo la kitanzi. "Na mimi nina salamu zangu. Mpelekee mwenye mwandiko."

Nyumba nyingine arobaini karani alipewa karatasi kama hiyo. Zote zikafika mezani kwa Mheshimiwa Mapute, naye akakataza zisifunguliwe. Ni vitu vipya, alisema, vina utepe, havijazinduliwa. Atangoja mkasi kutoka nje. Zipo palepale mpaka leo, na mafundo yake yanamtazama.

Iliyo juu kabisa ni ya Bi Time. Waziri huigeuza upande huu, akaigeuza upande ule, akailaza kifudifudi. Haisaidii. Bi Time ana mkono mzito wa mtu aliyejifunza uzeeni, na alikandamiza kalamu mpaka kila herufi ikatokeza upande wa pili: HIJA AMEKUFA. NAJUA. NANI ALITOA AMRI?